Dahej si mahari: barua ya wazi kwa wanaotutafsiria tamthilia za Kihindi

Kwa: Mkurugenzi wa Vipindi
Nakala: Mkuu wa Kitengo cha Tafsiri na Sauti

YAH: MAKOSA YA TAFSIRI KATIKA TAMTHILIA ZA FAMILIA KUTOKA INDIA

Ndugu Mkurugenzi,

Husika na kichwa cha habari hapo juu. Malalamiko haya yalishafika mezani kwenu kwa njia za kawaida: barua mbili, simu za huduma kwa wateja na orodha ya makosa iliyoandikwa kipindi kwa kipindi. Jibu lilikuwa moja tu, kwamba yamepokelewa. Makosa yanaendelea kila jioni, kwa hiyo leo tunayaweka hadharani mbele ya watazamaji wenzetu, ambao ndio wanaolipia visimbuzi.

Kabla ya yote, ahsanteni. Kutia sauti za Kiswahili ni kazi ya maana. Bibi asiyeona vizuri maandishi ya chini anafuatilia hadithi. Fundi cherehani anaisikiliza huku macho yako kwenye sindano. Hatuombi kazi hii iachwe. Tunaomba ifanywe kwa haki, kwa sababu hadithi hizi zinastahili na Kiswahili kinaziweza.

Tamthilia ya familia ya Kihindi haisimami juu ya bunduki wala majasusi. Inasimama juu ya nani ni nani kwa nani. Nani kainama mbele ya nani, nani kakalia kiti kipi, nani kapika nini, nani kashika funguo. Mwaka 1984 televisheni ya taifa ya India, Doordarshan, ilipoanza kurusha Hum Log, tamthilia ndefu ya kwanza ya nchi ile, habari yake ilikuwa ukoo mmoja wa kipato cha chini uliobanana nyumba moja. Kituo cha Star Plus kilipoanza Kyunki Saas Bhi Kabhi Bahu Thi mwaka 2000, ikaenda hadi 2008 kwa vipindi zaidi ya 1,800, jina lenyewe lilikuwa ni undugu mtupu: kwa sababu mama mkwe naye aliwahi kuwa mkaza mwana. Ukikosea neno la undugu hapo, umekosea hadithi.

Karibu makosa yote tunayoyaeleza hapa yana chanzo kimoja. Hamtafsiri kutoka Kihindi. Mnatafsiri kutoka maandishi ya Kiingereza yaliyoletwa na muuzaji. Katika mambo ya ukoo na ya nyumbani Kiingereza ni maskini, Kihindi ni tajiri, na Kiswahili nacho ni tajiri. Kumtoa tajiri kwa tajiri kwa kumpitishia kwa maskini ni kuteka maji kwa pakacha.

1. Majina ya undugu

Kiingereza kina neno moja ambalo watafsiri wenu huligeuza "shangazi" kila linapotokea. Kihindi kina wanawake watano mahali hapo. Bua ni dada wa baba. Mausi ni dada wa mama. Chachi ni mke wa baba mdogo, tai ni mke wa baba mkubwa, na mami ni mke wa mjomba. Kwenye sauti zenu wote ni shangazi, na mtazamaji hawezi kuelewa kwa nini shangazi mmoja akiteremka kwenye teksi na sanduku lake nyumba nzima inajipanga, ilhali shangazi mwingine anazunguka na sinia la chai siku nzima bila mtu kumuuliza neno. Yule wa kwanza ni bua, damu ya nyumba ile, mwenye haki ya kumkemea hata kaka yake mbele ya wageni. Wa pili ni chachi, aliyeolewa hapo, na bado anatafuta nafasi yake. Kiswahili hakihitaji msaada hapa. Bua ni shangazi, na shangazi wetu ana mamlaka yaleyale. Mausi ni mama mkubwa au mama mdogo, kulingana na umri wake kwa mama. Mami ni mke wa mjomba, na Pwani ni mkaza mjomba.

Kwa wakwe mambo ni mabaya zaidi. Mnawafanya wanawake wawili waitane "shemeji". Nanad, yaani dada wa mume, ni wifi kwa mke. Bhabhi, mke wa kaka, ni wifi kwa dada mtu na shemeji kwa kaka mtu, kwa hiyo mtafsiri lazima ajue anayesema ni nani kabla ya kuandika neno. Devar ni mdogo wake mume na jeth ni kaka yake mkubwa. Wote ni mashemeji, lakini hawalingani hata kidogo. Kwa desturi za nyumba nyingi zinazoonyeshwa, mkaza mwana huvuta upindo wa sari afunike kichwa akiingia jeth, na hasemi naye ovyo. Na devar hutaniana, hutumana sokoni, humfichia siri. Utani wa shemeji tunaujua sote. Semeni "shemeji mkubwa" na "shemeji mdogo" mara mbili tatu katika vipindi vya mwanzo na mtazamaji ataelewa.

Panapohitaji akili ni jethani na devrani, yaani wake wa ndugu wawili wa kiume. Bara wapo wanaowaita wanawake hao "wake wenza", na kwa desturi hawajakosea. Ila kwenye tamthilia ya Kihindi neno hilo ni hatari, maana nusu ya watazamaji wataamini wanachangia mume, na kuna tamthilia ambazo mke wa pili ndiye kisa chenyewe. Hapa andikeni "mke wa kaka mkubwa" au mtumie jina lake lenye heshima mbele. Urefu wa maneno haya si tatizo mara nyingi, kwa kuwa husemwa na mtu wa tatu anayesimulia, na mdomo hauonekani kwa karibu.

Kuna mtego mwingine. Watafsiri wenu wakichoka huliacha neno la Kihindi lilivyo, wakidhani linaongeza ladha. Lakini Kihindi na Kiswahili vina maneno yanayofanana sauti na kupishana maana kabisa. Dada kwa Kihindi ni babu mzaa baba. Mama ni mjomba. Nani ni bibi mzaa mama. Kaka ni mzee wa rika la baba mdogo, na ndivyo anavyoitwa mtumishi wa siku nyingi ndani ya nyumba. Babu ni bwana wa ofisini au mtu wa heshima. Sasa msikilize mwenyewe kijana akisema kwa Kiswahili, "Mama amekuja kutoka Jaipur," na anayeingia mlangoni ni mwanaume mwenye masharubu. Au mzee mwenye mvi anayeitwa "kaka Ramu" na mtoto wa miaka sita. Mzee yule ni "mzee Ramu" au "baba Ramu". Neno la Kihindi likiachwa, liwe limeachwa kwa sababu.

2. Dahej

Hili ndilo kubwa kuliko yote, na tungekuwa na nafasi ya jambo moja tu tungeandika hili.

Mnaita dahej "mahari". Mahari, kwa Mswahili, hutoka kwa mwanaume kwenda kwa mwanamke au kwa wazazi wake. Dahej hutoka kwa wazazi wa binti kwenda kwa mume na watu wake: fedha taslimu, gari, friji, vitanda, dhahabu, wakati mwingine nyumba. Ni mwelekeo wa kinyume kabisa. Mtazamaji akisikia "baba hana mahari ya binti yake" anachanganyikiwa tangu mwanzo. Baba wa binti anadaiwaje mahari? Kwa nini anauza shamba? Kwa nini mama mkwe anamsimanga mke kwamba hakuja na kitu? Kipindi cha dakika 22 kinapita, na kilio cha yule baba kinabaki kama kichaa cha mtu asiyejua kuhesabu.

Halafu jambo lenyewe ni la uhai na kifo. India ilipiga marufuku dahej kwa sheria ya mwaka 1961. Mwaka 1983 sheria ya jinai ikaongezewa kifungu cha ukatili wa mume na ndugu zake kwa mke. Mwaka 1986 kikaja kifungu cha kifo cha dahej: mwanamke akifa kwa moto, kwa majeraha au katika hali isiyo ya kawaida ndani ya miaka 7 ya ndoa, na ikathibitika kuwa muda mfupi kabla ya kufa alikuwa akiteswa kwa kudaiwa mali, mume au ndugu zake wanawajibika. Takwimu rasmi za makosa ya jinai za mwaka 2022 zilihesabu zaidi ya vifo 6,000 vya aina hiyo kwa mwaka huo mmoja. Kwa hiyo katika tamthilia mtu akisema "jiko lilimlipukia", kila Mhindi anayetazama anasikia tuhuma ndani ya maneno hayo. Jiko la mafuta ya taa limekuwa kisingizio kwa miaka mingi. Sauti zenu zikisema kwa upole "alipata ajali jikoni", na muziki wa huzuni ukaendelea, mmewaficha wauaji.

Liacheni neno dahej lilivyo, na mara ya kwanza linapotajwa katika kila tamthilia mlieleze ndani ya sentensi: "dahej, mali anayodaiwa baba wa binti ili binti aolewe". Baada ya hapo litaeleweka. Na mlitenganishe na streedhan, ambayo ni mali ya mwanamke mwenyewe: dhahabu na zawadi alizopewa yeye kabla ya ndoa, wakati wa ndoa au baada yake. Mama mkwe anapoifungia dhahabu ya mkaza mwana katika kabati lake la chuma "kwa usalama", anashikilia kitu ambacho kisheria si cha nyumba ile. Mkiviita vyote viwili "mahari", mgogoro huo haupo tena.

3. Harusi, kizingiti, funguo

Mnakata matukio ya harusi ili tangazo lienee. Tunaelewa kwamba matangazo ndiyo yanayolipa. Lakini mnakata mahali pabaya.

Sheria ya ndoa za Kihindu ya mwaka 1955 inasema kwamba pale ambapo desturi ya wanandoa ina hatua saba mbele ya moto, ndoa inakamilika hatua ya saba inapokanyagwa. Watunzi huzionyesha hatua hizo kama mizunguko ya kuuzunguka moto, na wanajenga mashaka yote hapo. Polisi wanaingia kwenye mzunguko wa sita. Mke wa kwanza anafika na cheti, na sheria hiyohiyo hairuhusu kuoa mwingine wakati mwenzi wako wa ndoa yu hai. Mtazamaji wa India anahesabu kwa vidole. Mkiruka kutoka mzunguko wa pili hadi kwa mama analia, hajui tena kama wameoana au la, na wiki nzima inayofuata mahakamani haina maana kwake. Na jamii hazifanani: Wagujarati wengi huzunguka mara nne, Masikh nao mara nne kuzunguka kitabu chao kitakatifu. Msiandike "saba" kwa mazoea. Hesabuni kilicho kwenye picha.

Bibi harusi anapofika kwa mume, mlangoni huwekwa chungu kidogo cha shaba kilichojaa mchele. Anakigusa kwa mguu wa kulia, kinalala, mchele unamwagikia ndani. Kisha anakanyaga sinia lenye maji mekundu na kutembea, nyayo zake zikibaki sakafuni. Anapokewa kama Lakshmi, mungu wa kike wa Wahindu, neema inayoingia nyumbani. Sauti yenu iliyosema "piga teke hicho chungu" iligeuza baraka kuwa ugomvi. Ni "mimina kwa mguu wa kulia, mwanangu, uingie na heri".

Rangi nyekundu nazo mmezichanganya. Bindi ni tone la kwenye paji la uso, hata msichana asiyeolewa huvaa. Sindoor ni unga mwekundu kwenye mstari wa nywele, na ni wa mwenye mume tu. Kijana akimpaka msichana sindoor kwa nguvu mbele za watu, hajamchafua kwa rangi. Katika hadithi hizi amedai kwamba amemuoa. Tafsiri ya "amempaka alama nyekundu" haitoshi.

Halafu kuna funguo. Tazameni kwa makini tukio lolote ambalo mama mkwe anafungua shada la funguo kutoka kwenye upindo wa sari yake. Analishika kidogo. Vidole havitaki kuachia. Kisha analichomeka kiunoni mwa mkaza mwana mbele ya wengine, na kamera inakwenda kwa jethani, ambaye ameolewa hapo miaka kumi na hajawahi kuligusa. Hizo ni funguo za kabati la dhahabu, la fedha za matumizi na la ghala la chakula. Anayezishika ndiye anayeamua kilo ngapi za samli zinanunuliwa na nani apewe nauli. Sauti zenu zilisema, "Chukua ufunguo." Kama wa geti. "Kuanzia leo nyumba iko mikononi mwako" ndiyo maana yake, na inaenea vizuri katika muda ule kwa sababu mama mkwe anazungumza polepole.

4. Salamu na namna ya kuitana

Mkaza mwana anainama, anagusa miguu ya mama mkwe, anapeleka vidole kwenye paji lake. Sauti: "Habari za asubuhi, mama." Ndugu Mkurugenzi, Kiswahili kina shikamoo, neno ambalo wengi hulieleza kuwa limetokana na kushika miguu. Ni kama liliumbwa kwa ajili ya picha hii. Tumieni.

Jibu nalo si "ubarikiwe" kila mara. Mwanamke mwenye mume huambiwa "sada suhagan raho", yaani adumu kuwa mke mwenye mume hai. Sisi tunasema "Mungu akuwekee mumeo". Fikirieni tukio ambalo watunzi wanalipenda sana: simu imeshapigwa, mume amekufa barabarani, watoto wanajua, ila bibi mkubwa hajaambiwa. Mkaza mwana anainama kwa mazoea, bibi anatoa dua ileile ya kila siku. Kwa "ubarikiwe" hakuna kinachotokea. Kwa "Mungu akuwekee mumeo", chumba kizima kinapasuka.

Mke wa desturi za zamani hamwiti mume wake kwa jina. Husema "sikia", au "baba Munna" kama mtoto ni Munna. Hapo napo tumefanana: nyumba ngapi kwetu mke husema "baba Asha"? Ninyi mnamfanya aite "Rajesh!" kipindi cha kwanza, na ile siku ya kipindi cha 200 atakapolitamka jina hilo kwa hasira kwa mara ya kwanza, silaha yake mmeshaitumia. Kihindi pia kina ngazi tatu za kumwita mtu unayesema naye: aap ya heshima, tum ya mazoea, tu ya karibu sana au ya dharau. Kiswahili hakina ngazi hizo kwenye kiwakilishi peke yake, ila kina njia. Aap inabebwa na "baba", "mama", "bwana". Tum ni "wewe". Tu ya dharau ni "we", "we mwanamke", na tu ya mapenzi ni jina la utani au "mwanangu". Mume akitoka aap kwenda tum kwa mkewe baada ya vipindi hamsini, ndoa imebadilika, na watazamaji wanapaswa kuisikia.

5. Jikoni

Siku chache baada ya harusi mkaza mwana hupika kwa mara ya kwanza, na hupika kitamu: kheer au halwa. Wakubwa wanaonja, wanampa zawadi, na fedha huwa na ile moja ya ziada, rupia 101 au 501, kwa sababu namba isiyofunga ni ya heri. Mkisema "amempa rupia mia" mmeondoa heri yenyewe.

Kheer si uji. Ni mchele uliochemshwa taratibu katika maziwa mengi hadi yakapungua, ukatiwa sukari na iliki. Halwa ya pale si haluwa ya Unguja wala ya Oman, ambayo ni wanga na sukari inayokorogwa kwa saa nyingi. Ile ni suji: kikombe kimoja cha suji, samli karibu kikombe, sukari kikombe, maji ya moto vikombe vitatu hivi. Suji inakaangwa kwenye samli kwa moto mdogo mpaka igeuke rangi ya dhahabu na kunukia, ndipo maji yanatiwa. Ukitia mapema inabaki na ladha ya unga mbichi. Ukiacha kukoroga inafanya mabonge. Kwa hiyo jethani anapoongeza moto kwa siri mkaza mwana akiwa amegeuka, anajua anachofanya, na mama mkwe akionja na kusema suji imeungua, ni shtaka la kweli. Sauti yenu ilisema "chakula hakina ladha". Siri yote ya kipindi ikapotea. Iiteni haluwa ya suji.

Roti si mkate. Chapati ziko kwenye picha, mwanamke anazisukuma, na sauti inasema "niongeze mkate?". Na ile harufu inayomtoa mtu machozi akikumbuka kwao ni ya tadka: samli imoto, binzari nyembamba inatiwa kwanza ilie, kisha mvuje na pilipili kavu, halafu vyote vinamiminwa juu ya dengu. Kiswahili kina kila jina hapo. "Viungo vya Kihindi" ni uvivu.

6. Sauti zenyewe

Maneno ya Kihindi yaliyorekodiwa pamoja na milio ya chumbani yakiondolewa, milio huondoka nayo. Msipoirudisha, jiko la watu kumi na wawili linakuwa kimya kama kaburi. Mtu mmoja mwenye bangili za vioo, sahani ya chuma, kisukumio na kibao anaweza kurekodi milio ya kutosha tamthilia nzima kwa siku moja. Bangili hasa zisikosekane, kwa kuwa mara nyingi zinalia kabla mwenye nazo hajaonekana, na zikinyamaza ni habari ya ujane. Katika harusi za Kibengali wanawake hupiga vigelegele. Ndiyo, vigelegele. Mliviondoa mkaweka muziki.

Mawazo ya moyoni yanahitaji mwangwi. Watunzi wa India huwapa wahusika maneno ya ndani huku mdomo umefumba. Mkiyarekodi kwa sauti kavu sawa na mazungumzo, tunadhani mkaza mwana amemtukana mama mkwe mbele yake na mama mkwe amenyamaza.

7. Fedha

Laki ya India ni laki yetu, 100,000. Crore ni 10,000,000, yaani laki mia. Mhusika akidaiwa laki tano, semeni laki tano. Mlisema milioni tano.

Tunajua mtakayojibu.

Mtasema Kiswahili ni kirefu na midomo haingoji. Ni kweli kwa baadhi ya sentensi. Lakini "ruko" ni "ngoja", "chalo" ni "twende", "maa" ni "mama" na midomo inafumba palepale, na "bas" ni ndugu wa "basi" yetu. Anayefanya kazi kutoka Kihindi anayaona haya. Anayefanya kazi kutoka Kiingereza hayaoni.

Mtasema muuzaji haleti mswada wa Kihindi. Ombeni uandikwe kwenye mkataba. Hata akikataa, sauti ya Kihindi mnayo, na Dar es Salaam, Mombasa na Unguja wapo watu waliokulia katika Kihindi na Kigujarati na wanaosema Kiswahili cha kuzaliwa. Kutoka mtaa wa Kisutu, hapo Dar es Salaam, hadi studio si safari.

Mtasema bajeti ni ndogo. Msomaji wa pili anayesikiliza Kihindi huku mswada wa Kiswahili uko mbele yake anahitaji kama saa mbili kwa kipindi cha dakika 22. Kurudia kurekodi matukio yaliyoharibika kunagharimu zaidi.

Na mtasema watazamaji hawajali. Watu wa pwani hii walijaza kumbi za sinema, Majestic ya Unguja na Avalon ya Dar es Salaam, kutazama filamu za Kihindi bila tafsiri yoyote, na kwenye vibanda vya video watu walilipa wamsikilize mtafsiri aliyesimamisha mkanda ili aeleze desturi. Walijali, na wanajali.

Tunachoomba ni hiki.

a) Kabla kipindi cha kwanza hakijatafsiriwa, kila tamthilia iwe na ukurasa mmoja wa mti wa ukoo: jina, yeye ni nani kwa nani, na kila mtu anamwitaje kwa Kiswahili. Ukurasa huo ubandikwe studio mbele ya waigizaji sauti.

b) Iwepo faharasa ya kudumu ya maneno ya nyumba, harusi, ibada na chakula. Maneno 60 yanatosha kuanzia. Sisi tuko tayari kutoa rasimu bila malipo.

c) Mswada usomwe na mtu anayesikia Kihindi kabla haujaingia studio.

d) Matukio ya harusi, ya mazishi na ya kukabidhi funguo yasikatwe kwa ajili ya matangazo. Kateni safari za magari.

e) Mwisho wa kipindi chenye desturi ngeni, sekunde 30 za maelezo. Katika Hum Log mwigizaji Ashok Kumar alitokea mwisho wa kila kipindi akazungumza na watazamaji. Sauti moja tu juu ya majina ya waigizaji inatosha kwenu.

f) Jibu la maandishi ndani ya siku 30, likitaja lipi mnakubali na lipi mnakataa.

Na wakati mengine yanasubiri vikao, moja halihitaji kikao. Tamthilia inayorushwa sasa saa moja na nusu usiku ina tukio la baba anayevua kilemba chake na kukiweka miguuni pa baba wa bwana harusi, akiomba muda wa kumalizia dahej. Katika nchi zile kilemba ndiyo heshima ya mwanaume. Kwenye sauti yenu anasema, "Nitalipa mahari." Tukio hilo litarudiwa mchana wa Jumamosi. Rekebisheni neno hilo moja kabla ya Jumamosi.

Wenu katika kazi ya Kiswahili,

Watazamaji na wafasiri,
Dar es Salaam, Tanga na Mombasa